Mashine Iliyomjua Meja

Gari la Meja lilipofika Katwe kunichukua, Mama Valère alikuwa amekaa kwenye kizingiti cha karakana yetu tangu alfajiri, sahani ya wali na maharage mapajani, imefungwa kwa kitambaa. Hakuwa amelala. Mimi pia sikuwa nimelala, lakini uso wangu hauonyeshi mambo upesi.

"Mpe," aliniambia, akaniwekea sahani mikononi. "Akiuliza, mwambie Valère anakohoa kidogo tu. Usimwambie anakohoa sana."

Mumewe, Mugisho, ndiye aliyekuwa fundi mwenzangu. Alitoka Bukavu wakati wa vita vya kule, akapanga chumba Katwe, akawa anatengeneza redio katikati ya watu wa kufua mabati na kuchomelea malango. Nilipomaliza chuo cha ufundi, jina langu la Kiacholi halikunisaidia kupata kazi serikalini, maana watu wa kaskazini tulikuwa tukitazamwa kwa jicho baya miaka hiyo. Mugisho hakuuliza jina. Aliniuliza kama najua kusoma mchoro wa saketi, kisha akasogeza vitu vyake akanipa nusu ya meza.

Sasa alikuwa amefungiwa nyumbani kwa Meja, Makindye, kwa sababu ya taa isiyoonekana.

Chombo chenyewe kiliwekwa na fundi wa Kizungu ambaye alikwisha kuondoka nchini. Ni nguzo mbili fupi, moja kila upande wa lango. Ndani ya nguzo ya kwanza kuna dayodi ya leza, kitu kidogo kama punje ya mtama, kinachotupa mwali ambao jicho la mtu haliuoni. Ndani ya nguzo ya pili kuna kipokezi. Mtu akipita katikati, mwali unakatika na king'ora kinalia hadi mtaa wa pili. Zamani kilifanya kazi vizuri. Kisha umeme wa Kampala ukazidi kuharibika, ukawa unakwenda na kurudi, na dayodi ikafa. Mugisho akaitwa, akaweka nyingine kati ya zile za akiba alizoacha Mzungu. Ikafa. Akaitwa tena, akaweka nyingine. Ilipokufa na hiyo, Meja hakumruhusu kurudi nyumbani.

Tulipanda mlima wa Makindye tukaipita kambi ya jeshi, ile ambayo watu waliingizwa humo na jamaa zao wakabaki kuuliza. Nilitazama sahani yangu mpaka tukaipita.

Meja alikuwa ameketi barazani amevaa fulana, miguu imo ndani ya beseni la maji ya moto. Nilikuwa nimejiandaa kumwona mtu wa kutisha, nikamwona mtu mwenye macho mekundu ya kukosa usingizi. Hilo halikunipa nafuu. Mtu aliyechoka hukata maneno haraka.

"Wewe ndio ile msichana ya Mugisho?"

"Ndiyo, afande."

"Sema kwa nguvu. Mimi hapana kula watu."

Askari waliosimama nyuma yake walicheka kidogo, kisha wakatazamana kama wanaouliza iwapo ilifaa kucheka.

"Huyu Mkongo naua taa yangu," alisema. "Yeye nasema ni umeme. Kila siku umeme. Mimi nasema yeye nataka adui iingie kwangu. Sasa imebaki taa moja. Wewe weka. Kama iko hai, yeye nakwenda kwa bibi yake leo. Kama imekufa, yeye nakwenda kule." Alielekeza kidevu upande wa kambi. "Hapa kwangu yeye ni mgeni, nakula, nalala. Kule mimi hapana jua."

"Nimeelewa, afande."

"Na angalia vizuri, usiharibu akili yake. Hii mashine iko na akili. Inanijua mimi. Mimi napita na gari yangu, inanyamaza. Mtu mwingine napita, inalia. Hata mbwa hapana jua bwana yake namna hii."

Nilifungua mdomo. Mwali haumjui mtu. Ukikatwa na Meja au ukikatwa na mbuzi, kwake ni sawasawa. Jambo hilo nililijua kama ninavyojua kwamba maji huteremka. Lakini nimezaliwa na aibu ya kuzungumza mbele ya wakubwa, aibu ambayo mama yangu aliniombea niondokewe nayo, na siku ile ilinifunga ulimi kabla sijasema kitu. Niliinamisha kichwa tu.

Askari mmoja kijana, jina lake Zubairi, alinipeleka kwenye stoo nyuma ya jiko. Mugisho alikuwa amekaa juu ya gunia la mkaa, miguu mitupu. Alikuwa amekonda. Alipoiona sahani alijua mkono ulioifunga, akakifungua kile kitambaa polepole, akakikunja vizuri, akakitia mfukoni kabla ya kugusa chakula.

"Valère?"

"Anakohoa kidogo tu."

"Ee." Akatafuna muda mrefu. "Basi anakohoa sana."

Nikachuchumaa karibu naye. Zubairi alisimama mlangoni akitusikiliza bila kujificha.

"Dada Aloyo, sikia," Mugisho alisema kwa Kiswahili chake cha Bukavu. "Hii kitu haipendi umeme mingi. Inapenda umeme ya kutulia. Ikiisha kuwaka, iko salama, hata mwezi. Inakufa wakati ya kuamuka. Ukiiamusha kwa nguvu, umeme inaruka juu kwanza ndiyo inashuka, na ile kuruka inapasua uso yake. Huoni kwa macho. Unaona tu hakuna mwali tena."

"Lakini mtu huiwasha mara moja tu akaiacha. Kwa nini zinakufa upesi hivi?"

Aliacha kutafuna. Akamtazama Zubairi, kisha akaitazama sahani.

"Miye sina ya kusema juu ya batu," alisema. "Nasema juu ya umeme. Iamushe polepole. Mule ndani ya kisanduku changu ya vifaa, pale langoni, kuna kapasita kubwa, ile tulitoa kwa gramafoni ya kanisa. Tia ile."

"Ile ni kubwa mno. Itachukua muda mrefu kujaa."

"Kubwa ndiyo nzuri. Ijaze polepole. Na king'ora ingoje nayo." Akasita, akakuna shingo. "Dada, samahani sana. Kile umevaa ndani ya gauni. Ni nailoni?"

Nilihisi uso wangu ukiwaka. Tangu ilipotolewa amri ya kukataza magauni mafupi, wanawake wote wa Kampala tulivaa marefu ya kufagia ardhi, na chini yake shumizi za nailoni, kwa kuwa ndizo zilizokuwa zikipatikana kwa magendo kutoka Kenya. Nailoni ikisuguana na miguu hukusanya umeme mwilini. Mtu hausikii, au anausikia kama mchomo wa sindano akigusa chuma. Dayodi ya leza hufa kwa mchomo huo huo.

"Ni nailoni," nilisema nikitazama gunia.

"Basi," alisema, naye akitazama gunia.

Zubairi alinionyesha choo cha watumishi, akageuka akatazama migomba mpaka nilipotoka, shumizi nimeiviringisha ndani ya mkoba. Hakusema lolote la utani, na tangu hapo nikaanza kumwona kuwa ni mtoto wa watu.

Nilifanya kazi langoni, nimekaa chini kando ya nguzo. Nilijifunga waya mwembamba kifundoni mwa mkono na ncha yake nikaifunga kwenye bomba la maji lililoingia ardhini, ili umeme wowote mwilini mwangu ushuke huko. Ile dayodi ya mwisho ilikuwa bado ndani ya pakiti yake, miguu yake miwili imefungwa pamoja kwa uzi wa shaba. Huo uzi hauondolewi mpaka kila kitu kimeshalehemiwa. Nilipasha pasi ya kulehemu, nikaichomoa kwenye umeme kabla ya kuigusisha, nikalehemu kwa joto lililobaki, nikairudisha kuipasha, nikaichomoa tena. Ni kazi ya kuchosha. Ukiharakisha sehemu moja umeharibu zote. Nikaweka dayodi ya kawaida kando ya ile ya leza, imegeuzwa, ili umeme ukija kinyume upite huko. Kisha nikaanza kuifikiria kapasita ya gramafoni.

Hapo ndipo gari la nyama lilipokuja. Lilipiga honi chini ya kilima. Zubairi, aliyekuwa akiwasha sigara, aliingia mbio ndani ya kibanda cha mlinzi, akabonyeza swichi ukutani, gari likapita, akabonyeza tena. Chombo kilikuwa bado hakijaunganishwa, kwa hiyo hakuna kilichotokea. Alifanya hivyo kwa mazoea tu, kama mtu anayepangusa miguu mlangoni hata siku ya jua.

Nilibaki na pasi mkononi.

"Kaka Zubairi," nilisema. "Hiyo swichi ni ya nini?"

"Ya mashine."

"Unaizima kila gari likija?"

Alitazama barazani. Meja alikuwa ameingia ndani. Akaja akachuchumaa karibu nami, akajifanya anatazama nyaya.

"Dada, wewe unatoka wapi?"

"Nimezaliwa kambi ya polisi, Kibuli. Baba alikuwa koplo."

"Basi wewe ni mtoto wa kambi. Unajua kufunga mdomo." Alivuta sigara. "Zamani ilipowekwa tu, Meja alikuja na mkubwa mmoja ndani ya gari. Mkubwa kabisa. Mashine ikalia. Yule mkubwa akalala chini ndani ya gari na suruali yake safi, akafikiri ni mapinduzi. Langoni alikuwepo Ogwal."

"Yuko wapi?"

Zubairi alitazama viatu vyake. "Alikuwa Mlango, kwanza. Ndiyo unajua mwenyewe." Mlango lilikuwa jina la watu wa kabila la Lango, jirani zetu wa kaskazini, katika midomo ya askari. "Baada ya hapo tukasema, gari ikija tunazima, ikipita tunawasha. Meja akashuka akauliza, mbona leo hailii? Yule aliyekuwa zamu akajibu, imekujua, afande. Meja akafurahi akatupa sigara pakiti nzima. Tangu siku ile inamjua. Akija na wageni anawaonyesha. Sasa nani atakwenda kumwambia?"

"Kwa siku mnazima mara ngapi?"

"Ee, dada. Watu wanapenda kuja kwa mkubwa."

Kwa hiyo hakuna aliyeiua kwa makusudi. Dayodi ile iliamshwa kwa kishindo kila lilipopita gari la nyama, la maziwa, la wageni, la Meja mwenyewe, na kila kishindo kiliupasua uso wake kidogo zaidi. Mugisho alikwisha kuligundua hilo. Sentensi moja ingemtoa kwenye gunia la mkaa, na kumtia humo kijana huyu anayevuta sigara, au mahali pabaya kuliko humo. Alikuwa ameketi pale bila viatu, mtoto wake anakohoa, na sentensi hiyo ameifungia mdomoni.

Nilichoka ghafla, uchovu wa kutaka kulala palepale kwenye changarawe. Nilitamani mtu mwingine aje aamue. Hakuwepo mwingine, nikaichukua kapasita.

Nilipanga hivi: umeme usifike kwenye dayodi moja kwa moja, ila ujaze kwanza ile kapasita kupitia rezista, ukipanda taratibu kama maji yanavyojaa pipa kwa mfereji mdogo. Juu yake nikaweka kikingio cha kuukata umeme wowote utakaojaribu kuruka. King'ora nacho kingengoja pipa lijae ndipo kisikie, kisije kikalia kwa kukosa mwali. Kwa namna hiyo waache wazime na kuwasha watakavyo. Shida ilikuwa ule muda wa kungoja. Nilijaribu na mita, kwa kuwa dayodi ya leza haitazamwi kwa jicho hata kama mwali wake hauonekani. Mshale wa mita ulipanda kwa uvivu. Niliweza kusoma Baba Yetu yote, bila haraka, kabla haujafika.

Nikamwita Zubairi.

"Itakuwa hivi. Ukishawasha, kuna kitambo mashine bado inaamka. Mtu akipita wakati huo, hailii."

"Kitambo gani?"

"Baba Yetu moja."

"Dada, mimi Mwislamu."

"Soma Fatiha, basi."

"Fatiha mimi nasoma haraka. Shehe alinipiga sana kwa hiyo."

"Soma mbili. Polepole."

Alicheka, akafunika mdomo kwa mkono. Nami nilikaribia kucheka.

Jua lilipoanza kulegea Meja alitoka, amevaa sare, akaingia kwenye gari lake mwenyewe akaliendesha hadi nje, akageuza chini ya kilima. Tulisikia honi. Zubairi akazima. Gari likapita kati ya nguzo, kimya. Meja alikuwa akitabasamu nyuma ya kioo kama mtu aliyepokewa na watoto wake. Nikaona mkono wa Zubairi ukirudi kwenye swichi.

Meja alishuka. "Umeona? Hapana sahau mimi." Kisha, kabla sijapumua, akapiga makofi. "Leta Mkongo. Mkongo napita sasa hivi. Kama mashine inalia, yeye nakwenda kwake. Kama hapana lia..." Hakumaliza.

Nilianza Baba Yetu moyoni. Mugisho aliletwa mbio, ameshikwa mkono, na stoo haikuwa mbali. Sikuwa nimefika kwenye mkate wetu wa kila siku alipokuwa tayari amesimama hatua chache kutoka nguzo. Mshale wa mita nisingeweza kuuona. Niliona midomo ya Zubairi ikicheza ndani ya kibanda.

"Pita," alisema Meja.

Mugisho aliitazama nguzo, akanitazama mimi, kisha akaitazama miguu yake.

"Afande," alisema, "naomba viatu byangu. Siwezi kwenda kwa bibi yangu bila viatu, atalia."

Askari mmoja alicheka. Meja alichezesha vidole kwa kukosa subira. "Mpe viatu."

Vililetwa. Mugisho alikaa chini kwenye changarawe. Akatia mguu wa kwanza, akautoa, akakung'uta kijiwe ambacho sikukiona. Akautia tena. Kamba zilikuwa zimefumuka ncha, akawa anailamba kila moja na kuipenyeza tundu kwa tundu, kama mzee anayetunga uzi kwenye sindano. Nilifika mwisho wa Baba Yetu nikaanza nyingine kwa hofu. Yeye ndiye aliyenichagulia ile kapasita, na alijua ukubwa wake kuliko mtu yeyote pale.

"Wewe nakwenda harusi?" Meja aliuliza.

"Nimemaliza, afande."

Akasimama, akajipangusa, akapita katikati ya nguzo.

King'ora kililia. Kililia kwa sauti ya kupasua masikio, mbwa wa jirani wakajibu, kuku wakaruka juu ya ua, askari wawili wakashika bunduki zao bila kutaka. Meja alicheka huku amejiziba masikio. Mugisho hakugeuka. Alikuwa ameambiwa apite, naye alipita, akaendelea kupita, akateremka barabara mikono imeachana na mwili ili wote waione, na hakuna aliyemwita.

King'ora kilipozimwa Meja alinigeukia.

"Mzuri sana," alisema. "Sasa wewe ndio fundi yake. Yule mimi hapana taka tena. Siku imekufa, mimi nakuja Katwe nachukua wewe. Sawa?"

"Sawa, afande."

"Sema kwa nguvu."

"Sawa, afande."

Nilikusanya vifaa vyangu. Nilipokaribia nguzo nilimwona Zubairi, kwa huruma, akinyoosha mkono kwenye swichi ili nipite kimya. Nilimtikisia kichwa. Akauteremsha mkono. Nikapita, na mashine ikanilalamikia kama inavyopaswa kumlalamikia kila mtu.

Mugisho alikuwa akiningoja baada ya kona, amekaa juu ya karavati la mtaro wa barabara. Nilikaa kando yake.

"Kesho asubuhi tunaondoka," alisema. "Mama Valère ana ndugu Kasese. Meza yote ni ya kwako sasa."

"Ni vizuri. Hewa ya kule itamfaa mtoto."

"Ile kitu itadumu, dada?"

"Itadumu. Sasa inaamka polepole."

Aliniangalia kwa upande. Alinijua, tulikuwa tumekaa meza moja kwa muda mrefu. "Na Meja? Alisema nini nyuma yangu?"

Nilikuwa na jibu, na nikaona jinsi ambavyo lingemrudisha kuketi kwenye nusu yake ya meza, asiende Kasese wala kokote.

"Alisema mashine ni nzuri," nilijibu.

Aliendelea kuniangalia kidogo. Kisha akachukua mkoba wangu wa vifaa, akautia begani, tukateremka.